Gladiola ya porini inayonukia asili yake ni kwetu. Mbona madukani zimejaa zisizonukia?

#1 Mtani wa Ruvuma

Habari zenu wakuu.

Niko Uingereza, Leeds, kwa shughuli za maisha. Mwezi wa tano nilinunua pakiti ya vitunguu vya maua, imeandikwa "Acidanthera", nikavifukia kwenye chungu cha nje na kuendelea na mambo yangu. Mwishoni mwa mwezi wa nane yamefunguka. Ua limeinamisha kichwa, petali sita nyeupe zilizochongoka, na katikati doa la zambarau iliyokolea karibu na nyeusi. Nyuma ya ua kuna mrija mwembamba uliopinda. Nimeupima kwa rula, sentimita 14. Mchana husikii kitu. Ikifika saa mbili usiku, mlango ukiwa wazi, harufu inaingia mpaka sebuleni. Tamu, ila haikeri.

Nikaanza kusoma. Jina lake la kitaalamu ni Gladiolus murielae, na asili yake ni Afrika Mashariki, kuanzia Ethiopia kushuka mpaka Tanzania, Malawi na Msumbiji. Yaani nimetoa pauni zangu kununua ua la kwetu!

Sasa wakuu, gladiola zote nilizowahi kuziona Dar na Arusha ni zile ndefu za madhabahuni, nyekundu, pinki, njano, na hazinukii hata uzamishe pua. Hii yenye harufu imeishia wapi? Na kwa nini inanukia usiku tu?

#2 Mzee wa Vijembe

Pauni? Rudi nyumbani, huku majani ni bure.

#3 Bwana Shamba Mstaafu

La usiku ni jepesi. Rudi kwenye huo mrija uliopima. Asali iko chini kabisa, nyuki hafiki, kipepeo wa mchana hafiki. Anayefika ni nondo mkubwa wa jioni, yule anayesimama hewani mbele ya ua bila kutua, mabawa yanatetemeka mpaka unadhani ni ndege. Ulimi wake anatembea nao ameuviringisha chini ya kichwa, akiukunjua unapita urefu wa mwili wake. Akiusukuma mpaka kwenye asali, kichwa kinagusa chavua, anaondoka nayo kwenda ua la pili. Kwa hiyo ua limevaa nyeupe ili lionekane gizani, na harufu linaitoa saa ambazo mteja wake yuko njiani. Kunukia mchana ni kuteketeza mtaji bure.

#4 Mzee wa Vijembe

Mzee kashusha nondo kuhusu nondo 😂 Shikamoo.

#5 Kichwa Ngumu

Samahani mzee, mimi siafiki. Asumini ya mama yangu inanukia usiku na mchana nyuki wanaitembelea vizuri tu. Sababu ni hewa. Mchana jua linapasha ardhi, hewa inapanda na upepo unatawanya kila kitu. Jioni hewa imetulia, unyevu upo, harufu inatanda chini chini. Ua linanukia saa zote, sema pua yako mchana hailipati.

#6 Binti Pongwe

Kwetu Tanga bibi alikuwa hataki kabisa ua la kunukia usiku karibu na dirisha. Langilangi, malkia wa usiku, yote yapandwe mbali. Anasema yanavuta nyoka. Na wengine wanasema si nyoka peke yao, ni wale wenzetu wasioonekana. Mtani jiangalie, uko peke yako ugenini na unafungua mlango saa mbili usiku 😅

#7 Bwana Shamba Mstaafu

Binti Pongwe, nyoka hafuati harufu ya ua. Anafuata chura na panya, na chura na panya wanapenda penye kivuli na unyevu, ndipo watu wanapopanda hayo maua. Bibi aliona kweli nyoka pale. Sababu ndiyo nyingine.

#8 Binti Pongwe

Na wale wengine wanafuata chura pia?

#9 Mutinda wa Milimani

Niko Machakos. Huku kwetu kuna nyeupe inamea juu ya miamba, pale udongo ni kidogo sana hata jembe haliingii. Mvua ya vuli ikinyesha inatoka haraka, inachanua, kisha inapotea mpaka huwezi kujua kulikuwa na kitu. Mrija mrefu, harufu nzuri jioni. Lakini haina doa lolote, ni nyeupe tupu. Ni hiyo hiyo ama ni ingine?

#10 Jani Kavu

Mutinda, ni ingine. Nyeupe tupu za kwenu ni mbili zinazochanganywa sana: Gladiolus ukambanensis, ambayo jina lake lenyewe linakutaja wewe na Ukambani yako, na Gladiolus candidus, ambayo Tanzania ipo pia. Ya mtani wa Leeds inatambulika kwa doa la katikati. Zote tatu ni nyeupe, zina mirija mirefu na zinanukia, ndiyo maana zamani ziliwekwa pamoja kwenye jenasi (kundi la mimea ya ukoo mmoja) ya Acidanthera.

Historia ya hiyo ya Leeds ni ya vurugu kidogo. Mjerumani Hochstetter aliielezea mwaka 1844 kwa mimea iliyotoka Ethiopia, akaiita Acidanthera bicolor. Mwaka 1932 Kelway, mkulima wa maua wa Uingereza, akapata vitunguu kutoka Ethiopia na kudhani ana kitu kipya, akakiita Gladiolus murielae kwa heshima ya Muriel, mke wa konsuli wa Kiingereza aliyekuwa huko. Baadaye wataalamu wakaona Acidanthera haina sababu ya kusimama peke yake, ni gladiola tu zilizorefusha mirija kwa ajili ya nondo, tena zimefanya hivyo zaidi ya mara moja katika koo tofauti. Zikahamishwa. Shida ni kwamba jina Gladiolus bicolor lilikuwa limeshachukuliwa na mmea mwingine, hivyo mwaka 1973 Marais akatoa jina jipya, Gladiolus callianthus. Goldblatt, kwenye kazi yake kubwa ya gladiola za Afrika ya tropiki ya mwaka 1996, akasema hapana, jina la Kelway lilikuwepo kabla, turudi kwa Muriel. Wauzaji hawajasikia hata moja kati ya hayo, pakiti bado zinaandikwa Acidanthera.

#11 Mzee wa Vijembe

Ua moja, majina matatu, na hakuna hata moja la mwenye shamba.

#12 Mtani wa Ruvuma

Jani Kavu asante sana. Hilo la Muriel limeniuma kidogo. Mama wa watu aliona ua mara ngapi? Wachungaji wa pale waliliona kila mwaka.

#13 Jani Kavu

Sheria ya majina haiangalii haki, inaangalia nani alichapisha kwanza. Ukambani walau wamebahatika.

#14 Mama Maua Arusha

Mimi ninauza, ngoja niwajibu la madukani maana wengi mnaongea na hamjawahi kupamba hata meza moja.

Mteja wa harusi haji kunusa. Anakuja na kipande cha kitambaa cha kamati, anataka rangi ifanane. Anataka shina lililonyooka, maua yamepangana kutoka chini hadi juu, yakiwa matatu ya chini yamefunguka na ya juu bado ni matumba ili yafike Jumapili. Gladiola ya kawaida inatoa hivyo. Hiyo yenu inainamisha kichwa, inafungua ua moja leo jingine keshokutwa, na ule mrija ukigusana na kitu kwenye ndoo unavunjika. Nyeupe tu, hamna rangi nyingine. Nikimwekea bibi harusi, mchana kanisani hainukii, itanukia saa mbili usiku wakati watu wako kwenye pilau. Nani atanilipa?

#15 Kichwa Ngumu

Mama Maua ameongea biashara, lakini hajajibu kwa nini hizo kubwa hazinukii KABISA. Waridi la duka nalo ni la biashara na bado lina kaharufu. Mimi nasema ni chumba cha baridi. Ua likikaa siku kadhaa kwenye ubaridi linakufa harufu.

#16 Mama Maua Arusha

Ninazikata mwenyewe asubuhi shambani. Hazinukii hata zikiwa kwenye tuta. Baridi gani?

#17 Bwana Shamba Mstaafu

Tafuteni wazazi wake. Gladiola kubwa za bustani zilianza Ulaya katikati ya karne ya 19. Chotara maarufu wa mwanzo mwanzo, anayeitwa gandavensis, aliingia sokoni mwaka 1841 kupitia Van Houtte wa Ghent, Ubelgiji, na mzazi wake mmoja ni Gladiolus dalenii, ile ya porini ya Afrika yenye rangi ya machungwa na manjano. Mzazi wa pili wanabishania mpaka leo. Dalenii mteja wake ni chozi, yule ndege mdogo wa mdomo uliopinda. Ndege anaita kwa rangi, kwa harufu hana habari. Kwa hiyo mmea haukuwahi kuweka nguvu kwenye harufu, ukaweka kwenye rangi kali na asali nyingi. Sasa ukijenga ukoo mzima juu ya babu asiyenukia, harufu itatoka wapi? Hata manjano nyingi za leo zina damu ya dalenii iliyotolewa kwenye manyunyu ya Maporomoko ya Victoria, miaka ile daraja la reli linajengwa.

#18 Fundi wa Katanga

Miye niko Lubumbashi. Ile ya rangi ya machungwa iko mingi huku pori, inatokaka kisha mvua kuanza. Watoto wanaikatakata wanaleta ku nyumba. Harufu hapana. Mzee anasema kweli.

#19 Jani Kavu

Nyongeza kwa mzee. Wapo waliojaribu kurudisha harufu. New Zealand katikati ya karne iliyopita walichanganya murielae na gladiola ya bustani, wakapata moja inayoitwa 'Lucky Star', nyeupe ya maziwa yenye doa jekundu na inanukia. Haikuenea. Kikwazo kimoja ni kromosomu (nyuzi za urithi ndani ya seli): gladiola nyingi za porini, murielae ikiwemo, zina 30, za bustani zina 60. Ukizichanganya unapata watoto ambao mara nyingi hawazai, mradi unaishia hapo.

Na msidhani ni Afrika Mashariki pekee. Rasi ya Afrika Kusini ndiko kwenye utitiri wa gladiola. Gladiolus tristis ni ya rangi ya malai, nayo inanukia usiku. Ila inayonishangaza ni Gladiolus liliaceus: mchana ni kahawia iliyochoka, huwezi kuigeukia, jua likizama inabadilika kuwa ya samawati-zambarau na kuanza kunukia kama karafuu. Ua lile lile, jioni ile ile.

#20 Kichwa Ngumu

Haya sasa! Ikiwa ua linabadilisha hadi rangi, basi ni joto linaposhuka. Narudi kwenye hoja yangu: ni hewa na joto, si mambo ya mteja njiani. Nondo amekuja baada ya harufu, si harufu baada ya nondo.

#21 Bwana Shamba Mstaafu

Joto linaposhuka, mafuta ya harufu yanapaswa kuruka KIDOGO, si zaidi. Weka marashi kwenye friji halafu weka juani, uone kipi kinanukia. Kwa hoja yako ua hili lingenukia saa nane mchana.

#22 Kichwa Ngumu

Juani yanaruka na kuisha. Usiku yanabaki. Bado tuko pamoja na hewa.

#23 Mkulima wa Matembele

Nimesoma hili la nondo nikacheka. Huyo mnayemsifu kama ni Agrius convolvuli, basi mimi namjua utotoni mwake. Ni yule kiwavi mnene mwenye pembe mkiani anayemaliza majani ya viazi vitamu usiku mmoja. Wengine wa kijani, wengine wa kahawia wenye mistari ya pembeni. Ukimgusa anainua kifua juu. Sisi tunawaokota kwa mkono na kuwapa kuku. Sasa mnataka nimwache ili mtani wa Leeds anuse ua?

#24 Jani Kavu

Ndiye huyo. Ulimi wake unafika takriban sentimita 10, wengine zaidi. Kwenye mrija wa 14 hajafika mwisho, lakini asali ikipanda ndani ya mrija anaipata. Na yuko Ulaya pia, huhamia huko kiangazi kutoka Afrika. Mtani akikaa nje usiku anaweza kumuona Leeds hapo hapo, wote wawili wakiwa wageni.

#25 Mutinda wa Milimani

Si kuna mwenye ulimi mrefu zaidi ya huyo? Darwin mwaka 1862 aliona okidi ya Madagaska yenye mrija wa karibu futi moja, akasema lazima kuna nondo wa ulimi kama huo. Watu wakamcheka. Akafa. Mwaka 1903 ndipo nondo huyo akaelezwa. Jamaa wake wapo hata huku bara.

#26 Kichwa Ngumu

Ametabiri ulimi, hajatabiri saa ya kunukia.

#27 Mtani wa Ruvuma

Wakuu naomba niingize la pili. Jirani yangu mzee wa Kiingereza ameniambia nifurahie mwaka huu tu, mwakani zitatoa majani bila ua. Anasema zake zote zimekuwa hivyo. Nifanyeje?

#28 Mama Maua Arusha

Umepanda juu juu. Kifukie kina cha sentimita 10 hadi 15.

#29 Bwana Shamba Mstaafu

Kina kinasaidia shina lisianguke, lakini shida ya huko ni msimu mfupi. Elewa kwamba kitunguu ulichopanda hakibaki. Kinaliwa chote na mmea, na juu yake kinajengwa kipya. Hicho kipya ndicho kitakachochanua mwakani, na kinajengwa BAADA ya ua kunyauka, majani yakiwa bado ya kijani. Kwenu ua linakuja mwezi wa nane au wa tisa, baridi inakuja wa kumi, majani yanakufa kabla kazi haijaisha. Unabaki na kitunguu kidogo kama gololi. Kwetu mvua inaendelea, kinapata muda.

Anza mapema ndani ya nyumba mwezi wa tatu, tia majivu, usikate majani.

#30 Mutinda wa Milimani

Mimi naona ni kiangazi kinakosekana. Hizi zetu za miamba zinakaa kavu kabisa miezi mingi, mwamba unachoma, ndipo zinachanua vizuri. Akiziweka kwenye gereji yenye unyevu zinaoza ama zinalala vibaya.

#31 Dada wa Makete

Au amewahi kuzimwagia maji machache zikiwa zinakua. Murielae ya porini hupenda penye maji yanayochuruzika wakati wa mvua, majani yaliyolowa, miamba yenye unyevu. Ikiisha mvua ndipo pakauke. Yote mawili yanahitajika, Mutinda na mzee wote mna lenu.

#32 Mzee wa Vijembe

Au jirani hapendi kusikia harufu usiku akamdanganya.

#33 Mtani wa Ruvuma

😂 Nitaanza ndani mwezi wa tatu. Nimefukua kimoja kuangalia, kuna vitoto vidogo vingi vimeshika chini, kama punje za mtama. Navyo vinafaa?

#34 Dada wa Makete

Vinafaa, ila havichanui mwakani. Uvipande pembeni, vinenepe kwanza. Na kama una paka au mbwa viweke juu, hivyo vitunguu ni sumu kwao.

#35 Kijana wa Fursa

Wakuu hapa naona pesa. Kama inapatikana porini Tanzania bure na Ulaya inauzwa kwa pakiti, si tuchimbe tusafirishe? Mwenye ramani ya ilipo aje inbox.

#36 Dada wa Makete

Usithubutu. Natoka karibu na Kitulo. Hapo ni hifadhi ya taifa tangu 2005, wengi wanaiita Bustani ya Mungu kwa ajili ya maua. Tumeona viazi vya okidi vilivyochimbwa kwa magunia kwenda Zambia kutengeneza chikande, chakula kinachopikwa kwa viazi hivyo, mpaka sehemu zingine ukipita mwezi wa pili unaona mashimo tu. Kiazi kimoja, mmea mmoja umekwisha. Ukiingia na sururu hifadhini utalala mahabusu, na nje ya hifadhi nako utamaliza.

#37 Jani Kavu

Na hata kibiashara hesabu haikai. Mholanzi hachimbi porini, anazalisha vitoto kama vya mtani kwa mashine kwenye ekari za mchanga. Vya porini vitafika vikiwa na ukubwa tofauti tofauti, vina magonjwa, havina cheti cha afya ya mimea. Vitachomwa bandarini.

#38 Kijana wa Fursa

Sawa, basi nipande za mbegu. Mama Maua ukinipa soko mimi nalima.

#39 Mama Maua Arusha

Soko la kukata sina. Ila kuna hoteli mbili tatu zina bustani za chakula cha jioni, wageni wanakaa nje kuanzia saa moja. Hao ungewauzia kwenye vyungu. Lete kumi vilivyo na matumba nione, bei tutaongea nikiviona, usinitajie bei ya Leeds.

#40 Mtani wa Ruvuma

Kichwa Ngumu, nimekufanyia jaribio. Chungu nimekiingiza kabati la chini ya ngazi tangu asubuhi. Giza totoro, upepo hakuna, joto ni lile lile la nyumba siku nzima. Saa nane mchana nimefungua na kuingiza kichwa: harufu kwa mbali sana. Nimefunga. Saa mbili usiku nimefungua: imenipiga usoni. Hewa ni ile ile, joto ni lile lile. Ua lina saa yake ndani.

#41 Bwana Shamba Mstaafu

Safi sana kijana.

#42 Kichwa Ngumu

Umefunga kabati saa sita nzima halafu unashangaa harufu imejaa? Imejikusanya humo. Rudia, ulifungue kila saa na kupunga hewa. Na utoe viatu kwanza.